Hotuba Juu ya Sven Nykvist, Mpiga Picha za Sinema, na Jinsi Alivyoitumia Nuru



Tulipoombwa kusema mbele yenu jioni hii, yamkini wengi walidhani tutaleta tena habari za pensheni na vyeo, maana hayo ndiyo mazungumzo yetu ya kila mara. Lakini tumechagua jambo jingine, nalo ni habari za mtu mmoja wa Uswidi, Sven Nykvist, aliyefanya kazi ya kupiga picha za sinema kwa zaidi ya miaka 50. Huenda mwanachama akauliza, Karani na mpiga picha wa Ulaya wana undugu gani? Twajibu hivi. Barua hutoka ofisini na sahihi ya Bwana Mkubwa. Aliyeitunga mara nyingi ni mwingine, na aliyeipiga taipu huonekana kwa herufi mbili tatu tu zilizotiwa pembeni. Na sinema ni vivyo hivyo. Watu watokapo nje humtaja mchezaji, na wajuao zaidi humtaja mwongozaji. Yule aliyeamua nuru iangukie shavu lipi, na jicho lipi libaki gizani, hatajwi na mtu. Kwa hiyo tumeona kazi ya mtu wa namna hii yafaa kuelezwa mbele ya watu kama sisi.

Yatupasa kwanza kueleza jinsi kazi hiyo ilivyokuwa ikifanywa alipoingia yeye. Filamu za siku zile zilihitaji nuru nyingi mno ndipo zishike picha, na kwa sababu hiyo studio zilijaa taa kubwa za umeme zilizoning'inizwa juu, kwenye madaraja ya mbao. Nyumba za kuchezea sinema zilijengwa bila dari, ili taa zipate nafasi. Mchezaji aliwekewa taa kuu upande mmoja, taa ya pili upande wa pili ili kupunguza ukali wa kivuli, na taa ya tatu nyuma yake, ili nywele na mabega vimetemete naye atengwe na ukuta ulio nyuma. Njia hii haikuwa ya kipumbavu. Iliwapendezesha wachezaji, na wazee walioivumbua walikuwa mafundi kweli. Taabu yake ni kwamba ilitumika mahali pote. Mkulima maskini akiwa ameketi kibandani mwake usiku, na mbele yake mshumaa mmoja, pua yake ilitoa vivuli viwili, na nywele zake ziling'aa kana kwamba jua lachomoza nyuma ya ukuta. Watazamaji walikwisha zoea, hawakuuliza.

Nykvist alizaliwa tarehe 3 Desemba 1922 huko Moheda, kusini mwa Uswidi. Wazazi wake walikuwa wamisionari katika Kongo, ambayo wakati ule ilikuwa chini ya Wabelgiji, naye akalelewa na jamaa zake Uswidi, akiwaona baba na mama kwa nadra. Twajua sote habari za wamisionari waliokuja huku. Mara chache twafikiri juu ya watoto waliowaacha nyuma kwao. Baba yake alipenda sana kupiga picha za wanyama wa porini wa Kongo. Wanaoandika habari za Nykvist hudhani kwamba huenda hapo ndipo mtoto alipopata hamu ya picha, nasi hatuoni ajabu. Kwa mtoto aliye mbali na baba yake, picha ni kitu alichokishika baba kwa mkono wake.

Alisoma upigaji picha katika shule ya mji wa Stockholm. Mwaka 1941, akiwa na umri wa miaka 18 au 19, akaingia katika kampuni ya sinema ya Sandrews kuwa msaidizi wa mpiga picha, yaani mtu wa kubeba, kupima, kupakia filamu na kunyamaza. Mwaka 1943 alikwenda Italia, akafanya kazi katika studio za Cinecittà mjini Roma, na mwaka 1945, akiwa amerudi kwao, akapewa sinema yake ya kwanza aisimamie mwenyewe.

Baada ya hapo alikuja Afrika. Mwaka 1948 alitoa filamu fupi ya Kongo iitwayo I fetischmannens spår, maana yake Katika Nyayo za Mganga wa Hirizi. Mwaka 1952, pamoja na Olof Bergström, akatoa Under Södra korset, na mwaka 1956, pamoja na Lars-Henrik Ottoson, akatoa nyingine juu ya sokwe wakubwa wa Kongo. Wala hatutaki kuyapita mambo haya kimya kimya kwa kuwa mtu mwenyewe alikuja kuwa mashuhuri. Jina la ile filamu ya kwanza latosha kutuonyesha jicho la Ulaya la siku zile lilikuwa likitafuta nini barani kwetu: mganga, ngoma, na mnyama. Kongo ile ile ya mwaka 1948 ilikuwa na makarani wakifungua faili, na mafundi wa reli, na wauguzi, na walimu wenye chaki mikononi. Twaomba mliweke jambo hili akilini, maana tutalirudia.

Sasa twafika katika kiini cha habari. Katika Uswidi palikuwa na mwongozaji jina lake Ingmar Bergman, aliyezaliwa mwaka 1918. Baba yake alikuwa kasisi wa Kilutheri, na mtoto akakua akisikiliza mahubiri, huku macho yake yakitembea katika kuta na madirisha ya kanisa. Nykvist alifanya naye kazi mara ya kwanza katika sinema ya watu wa sarakasi iliyotoka mwaka 1953, lakini hapo alikuwa mmoja tu wa wapiga picha kadhaa. Kazi yao yenyewe ilianza na Jungfrukällan, yaani Chemchemi ya Bikira, iliyotoka mwaka 1960. Toka hapo mtoto wa mmisionari na mtoto wa kasisi wakafuatana kwa zaidi ya miaka 20.

Katika Såsom i en spegel ya mwaka 1961, jina lililotolewa katika maneno ya Mtume Paulo juu ya kuona kwa kioo, walipiga picha katika kisiwa cha Fårö. Huko walizoea kuamka mapema na kutazama alfajiri ikija juu ya bahari, rangi za kijivu zikibadilika. Lakini sinema iliyombadilisha Nykvist kuliko zote ni ile iliyofuata, Nattvardsgästerna, maana yake Wageni wa Karamu ya Bwana, iliyotoka mwaka 1963. Hii tutaieleza kwa kirefu.

Hadithi yake ni ndogo. Ni Jumapili moja ya Novemba. Mchungaji mmoja wa kijijini, amejaa mafua na homa, aendesha ibada ya saa 6 mchana mbele ya watu wachache. Baada ya ibada aja mvuvi aliyeingiwa na hofu ya bomu la atomu, ataka neno la kumtia nguvu. Mchungaji hana neno, kwa kuwa imani yake mwenyewe imekwisha toweka. Naye mvuvi aenda kujiua. Kuna na mwalimu wa kike ampendaye mchungaji, naye mchungaji hampendi. Hata saa 9 ifikapo, mchungaji aingia kanisa jingine kuanza ibada nyingine. Basi. Ni saa 3 za maisha ya watu.

Nykvist aliposoma maandishi alidhani kazi itakuwa nyepesi. Yote hutukia katika muda mfupi, mahali pachache, siku ya mawingu. Nuru itabadilika nini? Bergman hakukubali. Wakasafiri pamoja hata jimbo la Dalarna, wakaketi kanisani toka saa 5 asubuhi hata saa 8 mchana, wakatazama. Nykvist alipiga picha moja kila baada ya dakika 5. Fikirini, wanachama, watu wawili wazima, mabwana wa kazi yao, wameketi katika viti vya kanisa tupu lenye baridi, hawasali, hawaandiki, watazama ukuta tu. Mpita njia angesema wamekosa kazi.

Waliyoyaona ni haya. Siku ya mawingu ndani ya kanisa hapana kivuli chenye ncha. Nuru huingia kwa madirisha, hupiga kuta nyeupe, hurudi, huenea, hata mtu asijue yatoka wapi. Wala haitulii. Mchana wa Novemba katika Uswidi ni mfupi, jua halipandi juu, na kila robo saa nuru hupungua na kuhama kidogo. Sisi wa karibu na mstari wa ikweta tumezoea jua lisimamalo utosini, kisha magharibi giza huanguka mara moja kama pazia. Huko kaskazini machweo hukaa muda mrefu. Anayeketi ndani hatambui nuru inavyobadilika, ila ghafula huona kwamba uso wa mwenziwe haukuwa hivyo saa moja iliyopita. Hadithi ya mchungaji ilihitaji mabadiliko ya namna hiyo, ya imani itokayo bila mlango kusikika.

Basi wakarudi kujenga kanisa hilo ndani ya studio. Na hapa lilifanyika jambo ambalo kwa mafundi wa siku zile lilikuwa kama kichaa. Mbuni wa majengo yao, P. A. Lundgren, aliambiwa atie dari. Tulikwisha sema kwamba nyumba za studio hazikuwa na dari kwa sababu ya taa. Dari ilipotiwa, Nykvist hakuwa na mahali pa kuning'iniza taa zake za juu wala ile taa ya nyuma. Alijifungia mlango mwenyewe. Ikambidi aelekeze taa mahali pengine, kwenye mbao kubwa nyeupe, ili nuru igonge hapo na kurudi ikiwa laini, au aichuje kwa karatasi nyembamba ipitishayo nuru. Mchezaji akawa anaangazwa na mwangaza uliokwisha poteza ukali wake. Pua ikabaki na kivuli chake kimoja hafifu au isiwe nacho kabisa, kama ilivyo pua ya kila mtu siku ya mawingu.

Kwa haki yatubidi tuseme kwamba nuru ya kurudishwa namna hii hakuivumbua yeye peke yake. Katika nchi ya India, kijana Subrata Mitra, ambaye kabla ya kufanya kazi na Satyajit Ray hakuwahi kuendesha kamera ya sinema, alifanya jambo kama hilo katika sinema Aparajito ya mwaka 1956. Walijenga ua wa nyumba ya Banaras ndani ya studio, naye akatandaza kitambaa cheupe juu yake na kuzielekeza taa kwenye kitambaa, ili nuru ishuke kama ya mbinguni. Watu wawili, wa nchi mbali mbali, wakafika mahali pamoja kwa kutazama tu. Hilo hutuaminisha kwamba kitu walichokiona kipo kweli.

Hapa twataka kusimama kidogo, maana kuna mwanachama aliyetuuliza faraghani, tulipomsomea maneno haya kabla ya mkutano, Je! huo si udanganyifu? Kanisa si kanisa, mchana si mchana, na nuru ya asili yatoka kwenye waya wa umeme. Ni swali zuri. Jibu letu twalitoa katika kazi yetu. Karani aandikaye kumbukumbu za mkutano haandiki kila kikohozi, wala maneno hayabaki kama yalivyotoka vinywani. Huyapanga, huyafupisha, huyatia katika Kiswahili safi. Nani asemaye amedanganya? Lakini akitia neno moja ambalo halikusemwa, kwa kuwa lampendeza mkubwa, hapo amedanganya, hata kama hati zake ni nzuri kama za chuoni. Nykvist alijiuliza kwa kila taa swali moja, Nuru hii yatoka wapi? Ni ya dirisha gani, ya mshumaa gani? Ile isiyokuwa na jibu aliizima. Yeye mwenyewe alikiri baadaye kwamba ilimchukua miaka 30 kufikia wepesi huo, na kwamba hapo zamani alipiga picha nyingi alizoziona nzuri, zenye nuru za nyuma na madoido mengi, ambazo hazikuhitajiwa na kitu chochote katika hadithi. Mtu kusema hivi juu ya kazi iliyompatia sifa si jambo dogo.

Katika sinema hiyo hiyo ya mchungaji kuna sehemu moja tusiyoweza kuiacha. Mwalimu wa kike, aliyechezwa na Ingrid Thulin, amemwandikia mchungaji barua. Mchungaji aifungua aisome. Mara twamwona mwalimu mwenyewe, uso wake tu, ametuelekea, aisema barua ile kwa mdomo wake. Kamera haizunguki. Hakuna muziki wa kutuambia tusikitike. Kwa dakika kadhaa tuko mbele ya uso wa mwanamke aliyechoka, asiyerembwa, asemaye maneno mazito bila kulia. Twauona ukweli mdogo mdogo upitao usoni mwa mtu anapotamka jambo la aibu. Na macho yake yana nuru. Nykvist alikuwa mkali sana juu ya hilo, macho ya mchezaji lazima yaonekane, maana humo ndimo mtazamaji humtafuta mtu.

Sasa tulinganishe jambo hilo na historia ya sinema katika nchi zetu, nanyi mtaona kitu cha ajabu. Kati ya mwaka 1935 na 1937 yalifanywa majaribio ya sinema za mafundisho kwa Waafrika, makao yake yakiwa Vugiri katika Tanganyika, na filamu zake zikapelekwa kwa lori katika nchi za Afrika Mashariki na Kati. Mwaka 1939 Serikali ya Uingereza ikaanzisha idara ya filamu za makoloni, chini ya William Sellers, aliyekuwa amefanya kazi ya afya Nigeria. Sellers alishika kanuni kwamba Mwafrika hawezi kufuata sinema kama Mzungu, hivyo apigiwe picha nyepesi: kamera itulie, kila picha ikae muda mrefu, pasiwe na hila. Wazee wetu walioketi chini mbele ya shuka jeupe uwanjani walitazama filamu zilizotengenezwa kwa fikira hiyo. Haya, na mwaka 1963 huko Uswidi, kamera iliyotulia na picha ndefu isiyo na hila zikahesabiwa kuwa kilele cha ustadi. Utulivu uliodhaniwa kuwa ni chakula cha wasiojua kutazama ukawa karamu ya wajuao sana. Hatusemi haya kwa uchungu. Twasema kwa sababu yanachekesha kidogo, na kwa sababu yaonyesha kwamba kosa halikuwa katika utulivu wa kamera. Kosa lilikuwa katika dhana juu ya mtu aliyeketi mbele ya shuka, na pia juu ya mtu aliyesimama mbele ya kamera.

Maana, na hapa twarudia tuliloliahidi, Nykvist yule yule aliyekuja Kongo kufuata nyayo za mganga, ndiye baadaye aliyeweza kukaa na uso wa mwalimu wa kijijini hata akaufanya kuwa kama nchi nzima ya kusafiri. Kwa nini uso wa karani wa Kongo haukupata dakika hizo? Haitoshi kujibu kwamba alikuwa kijana. Jicho lijifunzalo kuona bila mapambo lahitaji kwanza kuamini kwamba lile lililo mbele yake, bila mapambo, latosha. Kwa watu wake aliamini hivyo. Mwaka 1965 alirudi kwenye habari za Kongo kwa sinema ya hadithi aliyoiongoza mwenyewe, Lianbron, yaani Daraja la Mitambaazi. Lakini anayekumbukwa duniani ni Nykvist wa nyuso za Uswidi.

Kuna na jambo la ngozi. Kwa miaka mingi filamu za rangi zilipimwa kwa kadi yenye picha ya mwanamke mweupe, na mtu mweusi akiwekwa penye taa kali ya moja kwa moja alitoka kama masizi yenye meno na macho. Wengi wetu tunazo picha za namna hiyo katika vitambulisho vyetu vya zamani. Ile nuru pana iliyorudishwa na kitu cheupe, au ya dirisha kubwa, ndiyo ifaayo ngozi nyeusi, kwa kuwa ngozi yetu hung'aa kwa kuakisi, nayo yataka kitu kipana cha kuakisi. Mwanachama atakaye picha njema ya binti yake siku ya arusi, asimsimamishe juani. Amweke kivulini karibu na mlango, ukuta mweupe ukiwa upande wa pili. Somo hili halina gharama.

Sinema nyingine tutazipitia upesi. Persona ya mwaka 1966 ni ya wanawake wawili na nyuso zao, hata mwisho mtazamaji hajui uso upi ni wa nani. Viskningar och rop, yaani Minong'ono na Mayowe, ilipigwa mwaka 1971 katika jumba la zamani la Taxinge, na vyumba vyake vilitiwa rangi nyekundu kuta zote, kwa maana Bergman aliwaza ndani ya roho ya mtu kuwa ni kwekundu. Nykvist aliitumia zaidi nuru ya madirisha makubwa ya jumba lile. Mwanamke mmoja yu mahututi, dada zake wawili hawawezi kumgusa, na mtumishi wa nyumbani ndiye ampakataye. Fedha zilikuwa haba. Basi wachezaji wakubwa pamoja na Nykvist wakakubali kuacha mishahara yao iwe hisa katika sinema yenyewe. Watu wa mshahara kama sisi twajua uzito wa jambo hilo. Mwaka 1974 sinema hiyo ilimpatia Nykvist tuzo ya Oscar huko Marekani, na mwaka 1984 akapata ya pili kwa Fanny och Alexander, ambayo kwa televisheni ina urefu wa zaidi ya saa 5.

Waongozaji wa nchi nyingine walimwita pia. Huko Marekani alikuta desturi za vyama vya mafundi zikitaka kamera iendeshwe na mtu mwingine, naye kwao amezoea kuiendesha mwenyewe, jicho lake likiwa tunduni. Alitii, ingawa hakupenda. Sisi wenye chama twamwelewa yeye, na twakielewa na chama.

Tumalize na nyumba iliyoungua. Mwaka 1985 Andrei Tarkovsky, Mrusi aliyekuwa uhamishoni, alipiga sinema yake ya mwisho, Offret, yaani Dhabihu, katika kisiwa cha Gotland, na Nykvist ndiye mpiga picha. Karibu na mwisho mwenye nyumba aitia moto nyumba yake kwa sababu ya nadhiri aliyomwekea Mungu. Tarkovsky alitaka moto wote uonekane kwa picha moja ndefu bila kukatwa. Nyumba ikajengwa kweli, ikatiwa moto, na wakati iwakapo kamera ikakwama. Nyumba ikateketea, na picha haikupatikana.

Wengine wangeunganisha vipande vilivyopatikana, na pengine watazamaji wasingejua. Ikaamuliwa nyumba ijengwe upya. Ikajengwa kwa muda wa majuma machache, kamera ya pili ikawekwa iwe akiba, ikawashwa tena chini ya mawingu ya kijivu, mbele ya maji ya mvua yaliyotuama majanini. Hiyo ndiyo ionekanayo katika sinema. Moto wake haukutiwa nuru wala rangi ya kuupamba. Ni mweupe na mdogo mbele ya mbingu pana, na watu hukimbia huku na huku wakiteleza majini. Tarkovsky alikuwa na maradhi, akafa Desemba 1986.

Nykvist aliendelea hata mwaka 1998. Mwaka huo maradhi ya ubongo yalimpokonya maneno; vitu akaviona kama kawaida, majina yake hayakuja tena mdomoni. Ikawa mwisho wa kazi yake. Mwaka 2000 mwanawe, Carl-Gustaf, alitoa filamu juu ya maisha yake, jina lake kwa Kiswahili ni kama kusema Nuru Ndiyo Mwenzi Wangu. Alifariki tarehe 20 Septemba 2006, umri wake ukiwa miaka 83.

Bwana Mwenyekiti, maneno yetu ni hayo. Tu tayari kwa maswali.